Nguzo Nane, Vijumba Kumi na Viwili

Picha niliinunua soko la Walthamstow, hapa London, kwa ajili ya fremu. Muuzaji alitaja bei, nikacheka. Nikaondoka hatua nne, akaniita. Ndani ya fremu mlikuwa na nyumba kubwa, inaonekana kwa juu kidogo: nguzo nane mbele, varanda juu na chini, madirisha marefu yanayofika sakafuni. Kwenye basi nilizihesabu nguzo mara mbili. Nane.

Mama alipoiona alikaa kitako. "Nyumba ya babu yako! Umeipata wapi?"

Nyumba ya babu ilikuwa shamba, kaskazini ya Unguja, ikachukuliwa baada ya Mapinduzi. Mimi nilitoka huko nina miaka minne. Ninayoijua ni ya mdomoni mwa mama. Akanionyesha kwa kidole: ukumbi uliopenya kutoka mlango wa mbele hadi wa nyuma ili upepo upite, jiko lililojengwa mbali ili moto usile nyumba nzima. Vyote vilikuwamo. Kilichomtatiza ni kimoja tu.

"Baraza iko wapi? Wageni wanaume walikaa wapi? Wameivunja?"

Nikaigeuza picha. Nyuma pamebandikwa karatasi: nyumba iko Luiziana, Marekani, ilijengwa kabla ya vita vilivyokomesha utumwa huko, na matofali yake yalifinyangwa na kuchomwa na watumwa wa hapo hapo. Niliisoma mara mbili, labda ingebadilika. Kisha nikaitundika. Mama alikuwa akitabasamu, na mimi kwa tabasamu lile sijui kupatana bei.

Siku ya Idi akaja shoga yake mama, rafiki yake wa miaka, kutoka mtaa wa Hounslow, mtu wa Unguja pia, ambaye pilau la Idi hatujawahi kulila bila yeye. Mama akamvuta ukutani.

"Kwetu huko, shoga."

Shoga akavaa miwani. Nguzo hakuziangalia. Aliangalia nyuma ya jiko, palipokuwa na vijumba safu mbili.

"Na hivi?"

"Vya wachumaji karafuu. Wageni wa msimu."

"Msimu gani huo, na watu wamejenga hadi mabanda ya kuku mlangoni?" Akaweka kidole kwenye kioo. "Bibi yangu kazaliwa kwenye kimoja kama hiki, shamba la watu kama nyinyi. Cha tatu kutoka jikoni. Mamaake alinunuliwa, shoga. Hakualikwa."

Nilikuwa mlangoni na sinia ya kahawa, na karatasi ile ulimini. Nikiitaja tu, basi: nyumba si yetu, kijumba si chao, tucheke, tule. Lakini ningekuwa nimesema kweli au nimeificha? Nilishindwa kujua.

"Hebu vihesabu," mama akaniambia.

"Kumi na viwili."

"Tena."

"Kumi na viwili, mama."

"Mimi sikuwahi kuvihesabu." Akamgeukia shoga. "Bibi yako alikwambia nini tena?"

Shoga akavua miwani, akaifuta kwa ncha ya mtandio. "Pilau linapoa. Nipakulie kwanza, leo wewe ndiye wa kunipakulia, halafu nitakwambia."

Mama akampakulia.

Karatasi ingali nyuma ya picha. Juzi nimeisoma tena: Luiziana. Na mama siku hizi akiwaonyesha watu nyumba ya babu, haanzii kwenye nguzo. Huanzia kijumba cha tatu kutoka jikoni. Mimi nasimama pembeni na sinia, sijui nimsahihishe lipi.