Gamba la Chatu Wetu Nimelikuta Stoo ya Mwanamke Mwingine

Admin, nisamehe kwa kuchelewa. Uliponiambia niandike kisa chote mwanangu alikuwa hajakaa, leo anatambaa. Naandika huku nanyonyesha. Jina langu lifiche.

Nina miaka ishirini na minne, naishi Karatu mjini, nimeishia kidato cha nne. Mume wangu ni dereva wa watalii. Zamani alifanya kazi kwenye bustani ya nyoka, na ilipofungwa akaja nyumbani na chatu jike kwenye boksi la mbao lenye kioo mbele. Anamwita Shangazi. Yeye akienda Ngorongoro na wageni, anayebaki na Shangazi ni mimi.

Mwanzo nilimwogopa. Siku hizi namwonea huruma, hasa akitaka kujivua gamba. Macho yanakuwa meupe kama yamemwagiwa maziwa, haoni vizuri, hali, mlango ukilia anajikunja. Namwekea beseni la maji na taulo lililolowana ajisugue. Ubavuni ana kovu la jembe, gamba likifika pale hukwama. Simvuti. Namkanda na kitambaa chenye maji mpaka liachie, kwa hiyo kila gamba lake lina tundu pale pale, kama alama ya kwato ya mbuzi.

Magamba anachukua mume wangu. Anasema huwaonyesha wageni garini.

Wakati wa mavuno nilikwenda Mbulumbulu kununua maharage, mtoto mgongoni. Mama mmoja, rika langu, akaniingiza stoo nichague. Juu ya magunia ya mahindi limening'inia gamba la chatu. Nikaganda.

"Usiogope dada, mwenyewe hayumo ndani," akacheka. "Hilo ni la panya. Tangu liwekwe, hata kukohoa hawakohoi. Baba Eliya analeta kila akipata."

"Baba Eliya ndiye nani?"

"Si ndiye mume wangu! Dereva wa watalii. Hapa anaonekana kwa nadra, kama mvua ya kule Kakesio kwenye ukame."

Nikajifanya nalishangaa, nikalipapasa. Alama ya kwato ilikuwepo.

Nyumbani sikuuliza. Nilijiambia labda humpa dereva mwenzake, Karatu madereva wamejaa. Tena nikiuliza na ikawa kweli, mimi na mtoto tunalala wapi?

Juzi Shangazi kajivua tena. Mume wangu akapiga kutoka Ngorongoro. Mtoto ana homa, hakumuulizia.

"Limetoka?"

"Limetoka, ila limekatika vipande," nikamdanganya.

Akasema, "Basi hata vipande, mama, vitunze. Kwa panya vinatosha."

"Panya wa nani, baba? Sisi si tunanunua unga kwa kilo?"

"Mtandao huku mbaya," akakata.

Gamba ni zima, nimelikunja chini ya godoro la mtoto. Jumamosi anarudi, atanyoosha mkono. Nimpe nimfuate nyuma, au nimuulize hapo hapo mlangoni?

Ndugu zangu, pole msinitumie, ninazo. Nitumieni namna ya kumtoa Shangazi ngozi iliyokwama kwenye jicho la kushoto bila kumuumiza, maana upande huo bado haoni. Nitumieni neno la kwanza la kumwambia mume wangu nisilie mbele ya mwanangu. Na kama yupo wa Mbulumbulu anayemjua Baba Eliya, anitumie rangi ya gari lake tu. Inatosha.