Kinyozi wa Saa Tisa Alasiri

Asubuhi ile nilikuwa napiga pasi koti la kinyozi. Mimi mtu wa Tanga. Nilikwenda Belgrade kusomea ushonaji, nikaolewa na Zoran, nikabaki huko nikiwavisha waigizaji katika jumba la maonyesho alikofanya kazi. Kwa miaka kumi na mmoja mume wangu alikuwa akiingia jukwaani na sinia, anasema "Chakula tayari," anatoka. Sasa alikuwa amepewa nafasi ya mbele: kinyozi mwongo, katika kichekesho kipya. Onyesho la kwanza lilikuwa kesho yake. Mvumilivu hula mbivu, nilimwambia, na furaha yake ilinifanya nicheke peke yangu juu ya pasi.

Jioni hiyo mabomu ya ndege za vita yakaanza.

Jumba likafungwa. Tulijificha chini ya jengo letu na majirani, Zoran akirudia maneno yake mpaka wakayajua. Akikosea, mama wa ghorofa ya tatu anamsahihisha. Kisha wakubwa wa jumba wakaamua: ndege huja zaidi usiku, basi tutacheza saa tisa alasiri.

Watu walijaa mpaka ngazini. Nilikuwa nyuma ya pazia. Zoran alidanganya, alinyoa hewa, alikimbizwa na wateja, na watu waliokuwa hawajacheka kwa wiki nzima walicheka mpaka wakakohoa.

Katika sehemu ya pili ya mchezo, king'ora kikalia.

Zoran akashusha wembe.

"Mabibi na mabwana, anayetaka kwenda handakini aende. Tutamsubiri."

Hakuna aliyeinuka.

"Endelea, mwanangu," akasema bibi mmoja wa mbele. "Handakini hakuna vichekesho."

Akaendelea. Mlio mzito ukasikika mbali, taa zikayumba, naye akacheza mpaka mwisho. Makofi yalipopigwa nililia waziwazi. Sijapata kuwa na fahari kama ile.

Kesho yake asubuhi karatasi ya kumwita Zoran jeshini ikafika. Mwigizaji mwenzake akachukua nafasi yake, akalivaa lile koti. Nilimpunguzia mikono ya koti mwenyewe, kwa hasira. Zoran alirudi baada ya wiki nyingi, sikio la kulia limekufa. Alijaribu tena jukwaa, lakini mwenzake akisema upande ule, yeye hunyamaza. Onyesho lake la kwanza likawa la mwisho, na hakuna aliyelirekodi.

Sasa tunakaa Malton, kando ya uwanja wa ndege wa Toronto, na kwa miaka mingi Zoran amepakia mizigo ya ndege. Mara mojamoja filamu zinazopigwa hapa Toronto humhitaji mtu wa lafudhi yake: anaingia, anapigwa risasi, anarudi zamuni. Binti yetu hutania, "Dad, leo umeishi dakika ngapi?" Tunacheka wote. Lakini kinyongo sikukitoa. Niliona tumeporwa.

Jumamosi iliyopita tulikuwa dukani Agincourt, upande wa pili wa jiji. Mwanamke wa rika langu alisimama upande wa kulia wa Zoran, akamsemesha. Zoran akaendelea kuchagua mkate. Nikamvuta mkono ageuke.

"Kinyozi," yule mama akarudia, kwa Kiserbia. "Ni wewe."

Moyo ulinipasuka kwa furaha. Nilitaka duka zima lisikie. Zoran aliduwaa, uso umemwiva kama kijana aliyesifiwa mbele ya wakwe.

"Tulikaa ngazini, mimi na kaka yangu," mama akasema. "Alicheka mpaka akashika mbavu. Kesho yake akanilazimisha turudi. Hukuwepo."

"Niliitwa jeshini."

"Naye aliitwa wiki ileile. Hakurudi."

Zoran akaweka mkate chini, akamshika mikono yote miwili, wakasimama vile huku watu wakipita na vikapu vyao.

Miaka yote hii nimelililia onyesho. Pale dukani, nikimtazama yule mama, ndipo nilipotambua kwamba mimi nilirudishiwa mtu.