Miguu Yangu Ilijua Kabla Yangu

Juzi hapa Ruring'u niliruka mpira wa kumwagilia maji, mbele ya wapangaji wenzangu wote, nikamwaga maziwa. Nilikuwa hewani kabla ya kujua nimeona nini. Nakuambia ukweli, aibu hiyo ninaijua tangu utotoni.

Msimu wa kuchuma kahawa tulipelekwa kwa nyanya, kijijini Gakindu. Asubuhi umande ulitulowesha hadi kiunoni, vidole vikanata utomvu mtamu, na chai ya saa nne ilinukia moshi. Nilichuma polepole kuliko wote, kwa sababu sikutaka hata tunda moja bichi liingie kwenye kikapu changu. Halafu niliruka ovyo. Niliruka mizizi. Niliruka mshipi wa mjomba. Siku moja niliruka kamba ya mbuzi, nikaangukia kikapu cha mama jirani na kumwaga kazi yake ya asubuhi nzima.

"Ati nyoka?" akasema, akiinua kamba juu watu waione. "Hata mbuzi anakucheka!"

Nyanya alinitetea: "Miguu huona kabla ya macho." Lakini naye alikuwa anacheka. Nikaapa sitasema neno tena mpaka niwe na hakika kabisa.

Kesho yake, karibu na mti aliokuwa akiuchuma mama jirani, miguu yangu ilikataa kusonga. Nikaangalia chini: majani makavu tu. Nikaangalia tena. Yeye akainama kuokota matunda yaliyoanguka, mkono ukashuka, na mimi bado natafuta kichwa na mkia ili nisikosee mara ya pili.

"Samahani mama," nikasema hatimaye, taratibu kama niko kanisani, "sina hakika, lakini naomba usiokote hapo."

Akasimamisha mkono ili anicheke vizuri. Majani yakatoa pumzi. Kifutu, mnene kama mkono wa mwanamume, akajivuta kutoka mle ndani bila haraka yoyote.

Mama jirani aliruka mistari miwili ya kahawa. Kiatu kimoja kilibaki.

"Wewe mtoto!" akafoka kutoka mbali. "Nyoka haombewi ruhusa! Piga nduru!"

Basi tangu siku hiyo nilitangulizwa kila mstari, nikipigia nduru hata mizizi. Walicheka, lakini walisimama.

Kahawa ile iling'olewa, ikapandwa avokado. Nyasi hukatwa fupi, unaona mpaka mtoni. Nyanya hayupo. Nikienda huko natembea shamba zima bila kuruka hata mara moja, na sijui kama kuna kitu kinachonihuzunisha kuliko usalama huo.