Jumapili za Palito

Wiki iliyopita, kule Afungi, kwenye kambi ya gesi ninakofanya kazi jikoni, msimamizi wetu alisema kwa Kireno maneno marefu kuhusu visu na sakafu yenye maji. Kina mama wengi pale Kireno kinawapita juu juu, kwa hiyo kazi ya kufasiri huniangukia mimi. Nilipomaliza, mama mmoja mgeni kazini akaniangalia kwa jicho la pembeni, akauliza, "Ndivyo alivyosema yeye, au na wewe umetia chumvi yako?" Wenzake wakacheka, nami nikacheka nao. Kisha nikarudi kwenye viazi vyangu nikavimenya ndoo nzima bila kutia neno, maana mama yule hakujua kidonda gani amekigusa.

Ngoja nikusimulie, wewe ambaye huenda nawe umekulia kwenye nyumba yenye redio moja. Mambo haya yalitokea nikiwa na miaka kumi na mmoja.

Nililelewa na bibi mzaa mama hapa hapa Palma, mji wetu wa pwani kaskazini mwa nchi, kwa sababu mama yangu alikuwa ameolewa ng'ambo ya Ruvuma. Nyumba ilikuwa ya miti na udongo, na ua wa makuti uliotutenganisha na jirani yetu, mwanamke wa Kimakonde aliyeshuka kutoka Diaca, kule nyanda za juu, na mumewe seremala. Yeye alikuwa Mkristo na sisi Waislamu, lakini ua ule ulikuwa na tundu kubwa kiasi cha kupitisha sahani, na nadhani hakuna aliyewahi kufikiria kuliziba. Asubuhi kaa la moto lilitoka kwake kuja kwetu, mchana nazi iliyokunwa ilitoka kwetu kwenda kwake.

Bibi alikuwa na mwana wa mwisho, mjomba wangu, mwembamba kama uzi, ambaye mpira ulimganda mguuni tangu utotoni. Mwaka mmoja vijana wa shule walikwenda kushindana Mocímboa, kocha wa timu ya ligi kuu akamwona, akamchukua kwenda naye kusini, safari ya siku mbili au tatu kwa barabara. Bibi alilia, kisha akajivuna, kisha akalia tena. Baada ya miezi kadhaa dereva wa lori akatuletea mfuko kutoka kwa mjomba. Ndani mlikuwa na kanga mbili, redio ndogo, na karatasi niliyoisoma mimi: "Mama, kocha ameahidi atanipanga. Sikilizeni Jumapili."

Basi tukawa watu wa Jumapili.

Jirani akirudi kanisani alibadili nguo, akapita na ungo wake wa karanga. Bibi alikaa kwenye mkeka na ukili wake wa kusuka. Redio tuliiweka juu ya kinu kilichopinduliwa, na waya wa antena nikaufunga kwenye mpapai, na betri zilikuwa zimeanikwa juani tangu asubuhi ili zipate nguvu kidogo. Saa tisa ilipofika, ile kelele ya uwanja ilianza kuja na kwenda kama mvua ya mbali juu ya makuti. Mapumziko ya mchezo bibi aliyaita "mapumziko ya alasiri", kwani ndipo alipoinuka kutia udhu na kusali, akirudi anaipangusa miguu yake na kuuliza, "Hawajaanza?"

Mtangazaji alikuwa akisema Kireno, tena Kireno cha mbio. Bibi hakukijua isipokuwa salamu. Jirani alijua cha sokoni. Mimi nilikuwa darasa la tano, mwalimu wetu alikuwa ametupigia Kireno kwa fimbo mpaka kikaingia, na kwa hiyo kiti cha heshima kikawa changu. Nilipiga magoti karibu na kinu, sikio kwenye redio, na nyuso mbili zikinitazama mimi.

Bibi hakuwa na haja ya magoli. Alikuwa akingoja jina la mwanawe.

"Amesema?"

"Bado, bibi."

"Sikiliza vizuri."

Jumapili ya kwanza halikutajwa. Ya pili halikutajwa. Ya tatu nayo hivyo hivyo. Majina mengine tuliyajua yote, kipa, mfungaji, yule wa pembeni mwenye mbio, na beki mmoja aliyeitwa Palito. Nilimuuliza mwalimu, akaniambia palito ni kijiti cha kuchokolea meno. Nilipowaeleza nyumbani jirani alicheka mpaka karanga zikamwagika. Mtu mzima, mchezaji wa ligi kuu, anaitwa kijiti cha meno!

Hapo ndipo nilipoanza kutia chumvi. Nilikuwa nimeonja utamu wa kuwachekesha wakubwa, na utamu huo, ndugu yangu, ni mbaya kwa mtoto. Mtangazaji akisema Palito amepoteza mpira, mimi nilisema, "Palito amelala! Amewapa maadui mpira kama anatoa sadaka!" Akisema Palito amechelewa, nilisema anatembea kama bata mwenye mimba. Jirani alijipiga mapaja kwa kicheko. Bibi hakucheka sana. Alisuka ukili wake na uso ukawa unakaza Jumapili hadi Jumapili, mpaka siku moja akaniuliza, "Huyu Palito anachezea wapi?"

"Nyuma, bibi. Beki."

"Si ndipo anapocheza mwanangu?"

"Ndipo."

Tangu siku ile Palito akawa mtu aliyekalia kiti cha mjomba wangu. Na mimi, nikiona hivyo, nikafanya jambo jingine lililo baya zaidi ya kuongeza. Nilianza kupunguza. Maana mtangazaji alimsifu Palito mara nyingi kuliko alivyomlaumu. Kila aliposema Palito ameokoa, nilisema tu, "Mpira umetoka." Sikutaka kumuudhi bibi.

Ikaja Jumapili moja ya joto, hata majani ya mpapai hayatikisiki. Timu yetu ilikuwa inaongoza kwa bao moja. Karibu na mwisho mtangazaji akapaza sauti, Palito kapoteza mpira, na maadui wakasawazisha. Nikasema, "Palito amelala tena, bibi! Wamempita kama wanapita kaburi!"

Bibi akaweka ukili chini. "Mguu huo na upinde," akasema, polepole, kama mtu anayepima maneno. "Upinde, akae chini, mwanangu asimame."

Jirani aliacha kupepeta. "Mama, usiseme hivyo. Na huyo ana mama yake."

"Basi mama yake angemfunza kucheza," bibi akajibu, akachukua ukili wake.

Baada ya Jumapili mbili mtangazaji akabadili sauti. Akasema Palito yuko chini. Akasema mchezo umesimama. Nikatafsiri neno kwa neno, kwani hata mimi nilisahau kuchekesha: "Palito ameumia mguu. Hainuki. Wanamtoa kwa machela."

Bibi aliinua uso. Akasema kwa sauti ya chini, "Sasa watamwingiza." Tukangoja, wote watatu. Jina la aliyeingia likatajwa, na halikuwa la mjomba. Jirani alichukua ungo wake akaenda kwake mapema bila kuaga vizuri.

Palito hakutajwa tena. Mjomba naye hakutajwa.

Mikorosho ilikuwa imeanza kutoa maua lori liliposimama barabarani, na dereva akamshusha mtu mwenye fimbo mbili za kwapani na mguu uliofungwa plasta hadi gotini. Nilimtambua mjomba kwa kicheko chake kabla sijamwona uso. Bibi alipiga yowe moja akamkumbatia, fimbo zikaanguka. Jirani akaja mbio na mikono yenye unga. Tulimkalisha kwenye mkeka, tukampa uji, maswali yakamwagika.

"Lini, mwanangu? Umeumia lini?"

"Zamani kidogo, Mama. Ile mechi ya ugenini, kipindi cha pili. Nilikanyagwa."

Jirani akasema bila kufikiri, "Ala! Siku moja na yule Palito?"

Mjomba akaangua kicheko. "Kumbe mlikuwa mnasikiliza! Palito si ndiye mimi? Walinipa jina hilo siku ya kwanza, kwa wembamba huu. Niliona haya kuwaandikia kwamba naitwa kijiti cha meno."

Alicheka peke yake. Jirani alitazama chini. Bibi aliinuka akaingia ndani na mlango akaurudisha. Mjomba akadhani anaulilia mguu. Mimi nilijibanza nyuma ya mtungi wa maji, baridi yake imenishika mgongoni, na nikajua kwamba huko ndani bibi analia kwa ajili ya neno, na neno lile mimi ndiye niliyelikoleza.

Siku mbili bibi hakula ipasavyo. Siku ya tatu, baada ya alasiri, alitoka na kibakuli cha mafuta ya nazi yaliyochemshwa na karafuu, akakaa mbele ya mjomba, akasema moja kwa moja:

"Mwanangu, nilikuapiza mimi. Nilisema mguu wako upinde. Sikujua ni wewe, lakini nilisema."

Mjomba aliutazama mguu wake. Kisha akasema, "Mama, uwanja mzima huniapiza kila wiki. Aliyenivunja ana viatu na ana jina, namjua."

"Hao wa uwanjani hakuna aliyekuzaa."

Mjomba alichezea ncha ya fimbo yake, na mwishowe akauliza kwa sauti ya mtoto, "Kwani nilicheza vibaya hivyo?"

"Huyu alisema ulilala."

Wakanigeukia wote wawili. Nilitamani ardhi inimeze. Nikasema, "Mtangazaji hakusema alilala. Alisema amepoteza mpira. Kulala nimetia mimi." Na kwa kuwa nilikwisha kuanza, nikatapika yote: bata, sadaka, kaburi. Na yale niliyoyaficha pia.

"Uliyaficha yapi?" bibi akauliza.

"Sifa, bibi. Alimsifu sana."

Nilingoja kofi. Halikuja. Bibi akasema, "Mbeba maneno ni kama mbeba maji, mjukuu wangu. Asimwage, na asitie ya kwake." Kisha akamimina mafuta kiganjani, akaanza kuyapaka gotini kwa mjomba, pale plasta ilipoishia, na akaniambia, "Haya. Niambie sasa. Zote."

Nikapiga magoti kama nilivyopiga mbele ya kinu. Nikaanza Jumapili ya kwanza. Palito ametoa mpira mstarini, kipa akiwa ameshapitwa. Palito amemnyang'anya mfungaji wao bila kosa, uwanja unapiga makofi. Palito, kijana wa kaskazini, mtangazaji amesema, atafika mbali. Hili nililikumbuka vizuri kuliko yote, kwa sababu siku ile neno "kaskazini" lilinishtua nikalimeza. Nilisema Kireno chake kwanza, kisha Kiswahili chake, bila kuongeza hata herufi. Mjomba alifumba macho. Bibi alipaka mafuta na kupaka, na kila nilipomaliza jambo alisema tu, "Enhe." Mwangaza wa jua ulipohamia upande wa pili wa ua nilikuwa bado nasema.

Mguu ulipona, ila ulipona umepinda kidogo. Kule kusini hawakumwita tena. Mjomba alijifunza useremala kwa mume wa jirani, akaoa, na kwa miaka mingi vitanda vya mtaa wetu vilitoka mkononi mwake. Sikumsikia akimlaumu bibi wala mimi, lakini mara moja moja, Jumapili, akiwa anapiga randa na redio inasema, nilimwona akisimama katikati ya ubao, mkono hewani, mpaka shambulio lipite.

Bibi aliendelea kusikiliza. Mchezaji akikosea, awe wetu au wa maadui, alitikisa kichwa akasema, "Ana mama yake huyo." Alifariki kabla ya siku zile za vita, watu walipoukimbia mji, kitandani mwake, na tulimshukuru Mungu kwa hilo. Sisi tuliondoka baadaye na tulichoweza kubeba. Mjomba yuko Mtwara, hajarudi. Jirani alipanda juu nyanda za Wamakonde kwa nduguze; nilipata simu yake mara moja, sauti imezeeka, kisha namba ikafa. Niliporudi, kiwanja chetu kilikuwa majani, na ua ule wenye tundu hakuna anayeweza kukuonyesha ulipita wapi.

Vijana wa siku hizi mpira wanautazama kwenye simu, kila mmoja na yake, masikio yamezibwa. Wanaona goli lenyewe, wanaliona mara tatu, hawahitaji kuambiwa na mtu. Siwalaumu, ni jambo zuri kuona kwa macho yako. Lakini nikiwapita pale barazani nawakumbuka wanawake wawili waliokuwa hawaitazami redio, wamenigeuzia nyuso mimi, mtoto wa darasa la tano, wakiwa tayari kuamini lolote nitakalolisema. Tangu siku hizo nimefanya kazi na watu wengi, nimeaminiwa funguo na chakula cha mamia. Sijaaminiwa tena namna ile.