Binti wa Mvushaji kwenye Video

Bibi yangu mzaa baba aliletwa Tanga kutoka Panjabi akiwa bi harusi. Kiswahili alijifunzia sokoni na jikoni. Mtaani kwetu Usagara walituita Makalasinga, nasi tulikubali. Miaka ile ya dhiki, sukari ikiwa ya foleni na umeme wa kubahatisha, bibi alikuwa akikaa barazani baada ya alasiri akiwasimulia majirani zake hadithi za kwao.

Waliyoipenda zaidi ni ya binti wa mvushaji wa mto. Kaka zake hawakumtaka mchungaji aliyempenda, wakautoboa mtumbwi wa binti kwa siri. Binti aliliona tundu. Akaingia hivyo hivyo, kwa kuwa alikuwa amemwahidi mchungaji kuvuka, na mto ukamchukua. Bibi aliziimba beti kwa Kipanjabi, kisha akazifasiri. Shoga yake mkubwa, mke wa mwalimu wa madrasa, alikuwa akijipangusa machozi kwa upindo wa kanga, halafu anasema, "Kesho isimulie tena."

Ikaja ruksa ya kuingiza bidhaa. Maduka yakajaa vitu, na baba mdogo akanunua televisheni na deki ya video. Siku moja alirudi kutoka Mombasa na kanda: hadithi ya binti wa mvushaji ilikuwa imetengenezwa filamu huko kwao bibi. Bibi alipita mwenyewe nyumba kwa nyumba kualika. Jumapili sebule ikajaa. Wanawake na watoto walikaa mkekani, vijana wakasimama madirishani, na mke wa mwalimu akapewa kiti cha mbele, kando ya bibi.

Mwanzoni bibi alitafsiri neno kwa neno, kwa fahari. Kisha mvua ikanyesha mle ndani ya filamu. Binti akaanza kucheza mtoni, nguo nyeupe imemganda mwilini, akikatika kiuno, na wimbo wenyewe ulikuwa wa matusi ya kufumba. Mimi nilikuwa msichana niliyekwisha kupevuka, niliyaelewa. Nikainamisha kichwa.

"Anaimba nini?" aliuliza mke wa mwalimu.

Bibi akajibu, "Anasema mvua inanyesha."

Vijana wakapiga mluzi, baba mdogo akacheka nao. Mvushaji naye, ambaye bibi alikuwa akimtaja kwa heshima siku zote, alikuwa mlevi wa kuchekesha, kilemba kimemwangukia machoni. Watoto wakageuka kumtazama babu yangu aliyekaa mlangoni na kilemba chake. Babu akajifanya hakuona.

Mke wa mwalimu akajitanda kanga vizuri, akasimama. "Shoga, ahsante kwa chai." Laiti angetutukana. Wanawake wengine wakamfuata. Watoto walibaki, wakamwona mchungaji akija na pikipiki, akiwatwanga wale kaka, kisha harusi.

Kesho yake shuleni wavulana walinikatikia viuno wakiimba mvua inanyesha. Nikaona haya kwa nguo zetu, kwa lugha yetu, hata kwa harufu ya jikoni kwetu. Bibi aliacha kukaa barazani. Zikapita siku, ndipo akanichukua tukaenda kwa shoga yake.

"Shikamoo," nilimsalimia.

"Marahaba, mwanangu. Karibuni."

Bibi hakukaa. "Ile si hadithi yangu," alisema.

"Najua." Mwenzake akamvuta mkono, wakakaa. "Lakini hawa hawajui. Waambie." Akawaita wajukuu zake waliokuwa wakicheza uani.

Bibi akaanza. Watoto walisikiliza kidogo, kisha wakakonyezana. Alipofika kwenye tundu la mtumbwi, mmoja akasema, "Bibi, umekosea. Hapo anakuja na pikipiki."

"Hapakuwa na pikipiki."

"Mbona tumeiona?"

Wakaanza kunyanyuka mmoja mmoja. Bibi aliwatazama, mikono imekaza ushungi wake.

"Kaeni," alisema. "Kaeni, wajukuu zangu. Basi, akaja na pikipiki."

Wakakaa. Akawapa ngumi, akawapa harusi na ngoma, bila ubeti hata mmoja. Wakapiga makofi. Mimi nikawa nachokoa ukindu wa mkeka.

Watoto walipotoka, mke wa mwalimu alimmiminia kahawa. "Leo hukuimba," alisema.

"Sauti imekauka," bibi alijibu, na hakuinua macho.