Baiskeli Iliyolipa Mahari ya Mama

Nusura nikose mume kwa sababu ya mbuzi saba ambao baba yangu hakuwalipa kabla hata sijazaliwa. Watu wakiniambia deni la mzazi halirithiwi, mimi huwatazama tu.

Tulikuwa tukiishi Thika, kwenye nyumba za wafanyakazi wa shamba la mkonge. Baba alikuwa amefariki mwaka uliotangulia. Kijana mmoja wa kiwanda cha mananasi alinipenda, nami nilimpenda zaidi ila sikumwonyesha, na wazee wake wakapanga kuleta mbuzi wa mahari. Mama akampelekea habari ndugu yake kule Ruiru, kwa kuwa kwetu msichana haposwi mjomba akiwa hajui.

Mjomba akaja na pasi yake ya siku moja, maana miaka ile ya mkoloni hata kutoka Ruiru kuja Thika uliomba ruhusa. Akanywa uji, kibuyu kizima, akapangusa mdomo.

"Huyu haolewi," akasema. "Mama yake mwenyewe bado hajamalizwa kuolewa."

Ati nini? Nilikaribia kudondosha kibuyu nilichokuwa nikikiondoa. Kumbe baba alipomchukua mama alilipa sehemu tu ya mahari, akabakiza mbuzi saba. Kila mwaka aliahidi, na kila mwaka likazuka jambo: mara ukame, mara nzige, mara karo ya kaka yangu. Na mila yetu haina mzaha: hupokei mbuzi wa binti kama hujamaliza wa mama yake. Mjomba akikataa, hakuna posa.

Kaka akasimama. Alikuwa amesoma shule ya misheni, na tangu alipotoka huko hakuna jambo lililompita bila yeye kulisemea.

"Mjomba, sheria iko wazi. Baba alipofariki nilimuuliza karani wa korti. Deni la marehemu hulipwa kwa mali aliyoiacha. Mtoto hawezi kudaiwa kutoka mfukoni mwake."

"Kwa mali aliyoiacha," mjomba akarudia polepole.

"Hiyo tu. Hakuna zaidi."

"Karani alisema hivyo?"

"Hivyo hivyo."

"Basi hiyo ni sheria nzuri, mwanangu. Sasa niambie, baba yenu aliacha nini?"

Sote tukageuka mlangoni. Pale nje, imeegemea ukuta, ilikuwa baiskeli ya baba, nyeusi, kengele inang'aa. Kaka aliipaka mafuta kila Jumamosi, na Jumapili aliipitisha mbele ya kanisa mara tatu ili wasichana waione vizuri. Nilicheka, na sioni haya kusema hivyo. Mjuaji alikuwa amejifunga kamba mwenyewe.

"Lakini mjomba, ile naendea kazini."

"Dawa ya deni ni kulipa. Ile naihesabu mbuzi saba, na sitaongeza neno."

Hapo kicheko kikaniisha. Kaka angeweza kukataa, na nani angemlaumu? Alinitazama, nami nikaangalia chini nikiwaza jinsi nitakavyozeekea jikoni kwa mama. Kisha akatoka, akafuta kiti kwa mkono wa shati, akaisukuma baiskeli hadi kwa mjomba.

"Chukua. Breki ya nyuma inataka kubembelezwa."

Miaka yote nilikuwa nimemwona kaka yangu kelele tupu. Siku ile nilimpenda.

Mjomba hakujua kuendesha. Aliisukuma kwa miguu hadi Ruiru, akiwahi pasi isimwishie njiani, na kila aliyekutana naye alipigiwa kengele.

Mama akaingia ndani, akatoka amevaa gauni la kanisani, na ilikuwa Jumanne.

"Unaenda wapi?" nikamuuliza.

"Kaburini kwa baba yako. Nikamwambie amemaliza."

Akafunga kitambaa kichwani, taratibu, kama bibi harusi asiye na haraka.

"Kila tulipogombana, ndugu zangu waliniambia nirudi nyumbani, huyu hajakulipia. Miaka yote hiyo ningeweza kumwacha wakati wowote." Akacheka, machozi yakimtoka. "Leo ndiyo siwezi tena."