Maharage Juu ya Kaburi la Baba

Niliporudi nyumbani kutoka Namanyere, ambako nilikuwa nikibeba magunia sokoni, nilikuta vijiti vyenye utepe mwekundu vimechomekwa katikati ya shamba. Mama alikuwa mlangoni akipepeta ulezi. Nilimwamkia. Aliitikia, kisha akauliza, "Wewe uliyeshindwa kukaa shule kwa maswali, hebu niambie, msongo mkubwa ni nini?"

Sikujua, nikaenda kuuliza. Kijana mpima ardhi aliyekuwa na kambi karibu na Chala alinieleza kwa subira. Njia kubwa ya umeme, ndiyo hiyo ya msongo mkubwa, itapita juu ya shamba letu ikielekea mbali, kwetu haitashuka. Ardhi iliyo chini yake inaitwa mkuza, na humo sheria hairuhusu nyumba, mti mrefu wala kuchimba shimo. Ulezi na maharage ruksa. Nilimuuliza hata kwa nini ndege akitua kwenye waya hafi. Alicheka, akanijibu.

"Na kaburi?"

"Lililopo linahamishwa kwa fidia, wenyewe wakikubali. Jipya halichimbwi. Lakini kwenu hakuna kaburi, kaka. Nilipita mwenyewe."

Sisi huku Ufipa, mvua zikielekea kuisha, tunafukia nyasi kwenye matuta makubwa ya mviringo zioze, na juu yake tunapanda maharage. Baba amelala katikati ya matuta hayo. Msalaba wake wa mti uliliwa na mchwa zamani. Kila mwaka mama aliliinua kaburi kwa udongo mpya na kulipanda maharage, kwa kuwa mumewe hakupenda kuona udongo umekaa bure. Pembeni aliacha nafasi ya kaburi lake mwenyewe. Mgeni angejuaje? Fidia ya mazao ilipokuja, hata maharage ya baba yalikuwa yamehesabiwa.

Nilimwambia yule kijana mpima, akaja kuona.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba, baba. Mume wangu ulimhesabu debe ngapi?"

Alivua kofia. Alisema kosa litarekebishwa: babu atahamishiwa makaburi ya parokia, kwa sanduku jipya na misa, na bibi siku yake ikifika atalazwa pembeni yake.

Mama alipepeta kwanza. "Wakati wa vijiji vya ujamaa walimhamisha kwa lori, vyungu vyote vikapasuka. Aliisema siku ile mpaka anakufa. Simhamishi tena."

"Sasa wewe, bibi?"

"Mimi hujanipima bado."

Nilikwenda ofisi ya mradi wa umeme, Sumbawanga, kumwombea mama kaburi moja tu, mkuzani, kando ya baba. Ofisa alinipa kiti, akanisikiliza mpaka mwisho. "Kaka, nikikuruhusu wewe, kesho watakuja wote, kuanzia hapa mpaka njia inakoishia. Watachimba, watajengea, wataezeka kwa bati. Halafu mmoja ataguswa na waya." Nilikuwa nimekwenda kutafuta mtu mbaya wa kumkasirikia. Nilitoka bila kumpata.

Mama alifariki wakati wa baridi, nguzo za chuma zikiwa tayari zimesimama. Tulipima kaburi lake nje ya mkuza, karibu na baba kadiri ilivyoruhusiwa. Mimi nilishika ncha moja ya kamba, yule kijana akashika nyingine. Nilipoivuta kidogo kuelekea kwa baba, aligeuka akatazama milima.

Siku hizi nikilala nyumbani nawasha taa ya sola. Asubuhi za ukungu nyaya zinachachatika kama mafuta kwenye kikaango, na nimeshauliza kwa nini, ni unyevu. Bado natangatanga, ila msimu wa matuta narudi. Mwaka huu nimepanda maharage juu ya baba na juu ya mama. Kisha nikapanda mstari mmoja kutoka kwa mama kwenda kwa baba, kupita chini ya nyaya. Maharage yanaruhusiwa.